UZI: Jinzi za belo, pamba yetu na maji ya Dodoma. Tuongee ukweli wa hii biashara

Jinzi_Majengo (mleta uzi)

Mbukwenyi wakuu, habari za jioni.

Huu uzi nimeuandika siku tatu kwenye simu, nikifunga meza nakaa naandika kidogo kidogo, kwahiyo ukiwa mrefu mnivumilie. Nauza jinzi za mtumba hapa Dom mwaka wa 9 saivi, nilianza kwa kutandika turubai chini pale Sabasaba, leo nina meza Majengo. Nimeona vijana wengi wanaingia kwenye hii biashara kwa kuambiwa jinzi haiozi na haikosi mteja, na ni kweli haikosi mteja, ila hawaambiwi kwamba belo la leo sio belo la zamani, na hawaambiwi hii suruali imekunywa maji kiasi gani mpaka ikafika mezani. Sisi watu wa Dodoma tunaojua thamani ya dumu tungetakiwa tuwe wa kwanza kuliongelea.

Nianze na belo. Mwezi uliopita nimefungua la kilo 45, jinzi za kiume, nimelichukua laki sita na nusu, ndani zikatoka suruali 76. Unakata kamba, ile harufu ya dawa inakupiga, unaanza kuchambua. Mkono wenyewe unajua. Jinzi nzito ya pamba tupu ukiishika kiunoni ukaikung'uta inalia kama turubai, hiyo naweka kulia. Ile ya kuvutika unaivuta gotini, isiporudi ujue nyuzi za lastiki zimeshakufa, hiyo kushoto, itamtoka mteja magoti ndani ya wiki mbili na atarudi kunilaumu mimi. Miaka naanza, kulia kulikuwa kunajaa kuliko kushoto. Safari hii kulia 21, za katikati 32, kushoto 23.

Zile 21 nimeuza elfu 17 kila moja, za katikati elfu 9 na mia tano, za kushoto nimebembeleza tisa zikatoka kwa buku tatu tatu. Piga hesabu, ni laki sita na themanini na nane. Toa mtaji, inabaki elfu 38, na hapo sijatoa nauli ya mzigo kutoka Dar, sijatoa mlinzi, sijatoa ushuru. Na suruali 14 ziko kwenye kiroba hakuna anayezitaka hata bure.

Mabelo ya namna hiyo ndo yalishanipa wazo huko nyuma la kuzipiga rangi upya zile nzito zilizochuja. Nikanunua rangi nyeusi ya unga, chumvi ya kutosha, nikakata pipa, nikapiga moto uani kwangu Chang'ombe. Wakuu zilitoka nzuri, nyeusi tii, 12 zote ziliisha ndani ya siku mbili. Lakini kuzisuuza mpaka maji yakawa meupe kulimaliza madumu 19, na wiki ile maji yalikuwa ya mgao, nikawa nanunua kwa wa mkokoteni shilingi mia tatu dumu. Yale maji machafu nikayamwaga mtaroni kama kila mtu anavyomwaga. Nikarudia wiki ya pili, na ya tatu.

Mtaro ule unashuka kwenye kibustani cha mama mmoja jirani, ana matuta ya mchicha na figiri, ndo anasomeshea wajukuu. Siku moja saa kumi na mbili asubuhi nasikia hodi, "Baba Neema, njoo uone." Matuta mawili ya mwanzo yamelala, majani yamekuwa ya njano kuanzia pembeni, na juu ya udongo kuna ukoko mweupe kama wa magadi. Ile ni chumvi yangu. Alichimbua shina moja akanipa mkononi, mizizi imekuwa rangi ya wino. Hakunitukana, na bora angenitukana. Nikamlipa mbegu na hela ya mauzo ya mwezi, pipa nikaligeuza, sijapika rangi tena mpaka leo.

Toka siku hiyo nikawa najiuliza, kama mimi na pipa moja nimeua matuta mawili, kiwanda kinachotoa maelfu kwa siku kinafanya nini? Nikaanza kusoma. Kampuni ya Levi Strauss yenyewe ilifanya hesabu yake na kuitoa 2015, jinzi moja tu kuanzia pamba shambani mpaka mtu anaitupa inatumia lita 3,781. Nimegawa kwa madumu yetu ya lita 20, ni madumu 189. Kwa bei ya mkokoteni wa mtaani kwangu ni zaidi ya elfu 56 kwa maji peke yake, kwenye suruali ninayoiuza elfu tisa na mia tano! Asilimia 68 ya hayo maji ni kulima pamba, 23 ni kufua nyumbani, kiwanda kinachukua kilichobaki. Lakini hicho kidogo cha kiwanda ndo kinatoka na rangi na kemikali. Kule China kuna mji unaitwa Xintang, jirani na Guangzhou, unajulikana dunia nzima kwa jinzi, Greenpeace walipima mto wao 2010 wakakuta metali nzito ikiwemo kadmiamu. Na sio mbali tu, hapa hapa Afrika, Lesotho, nchi ndogo inayoshona jinzi za kwenda Marekani, kumesharipotiwa maji ya bluu yakitoka viwandani kuelekea mtoni pale Maseru.

Ninachotaka kusema ni hiki, na naomba mnipinge kwa hoja: jinzi inayostahili kuitwa mali ni ile ambayo maji yake yameshatumika, yani iliyopo tayari, nzito, inayoweza kurekebishwa. Hela ya hii biashara kwa mtu wa Dom iko kwenye sindano, haiko kwenye pipa la rangi wala kwenye kuagiza spesho, yani zile jinzi mpya za lastiki. Karibuni.

Pamba_Bariadi

Mkuu heshima kwako, uzi mzuri ila kwenye maji ya pamba usituweke wote kapu moja. Mimi ni mkulima, baba yangu alilima pamba na babu alilima pamba. Huku Simiyu hakuna mtu anamwagilia pamba, tunapanda mvua za Novemba, Desemba, mvua ikikataa ndo basi tena umekosa. Hayo malita ya shambani mengi ni ya nchi zinazovuta mito. Bahari ya Aral kule Asia ya Kati imekauka sehemu kubwa kwa sababu ya mito miwili, Amu Darya na Syr Darya, kuchepushwa kwenda kwenye mashamba ya pamba kuanzia miaka ya 1960, mpaka leo kuna meli zimekaa juu ya mchanga. Pamba ya Tanzania haijakausha ziwa la mtu.

Shida yetu ni nyingine. Dawa za wadudu ni gharama na zinatudhuru sisi wenyewe, mtu anapuliza bila hata kitambaa puani. Meatu kuna wenzetu wanalima pamba hai toka miaka ya 1990, bila dawa za kiwandani, inawezekana. Halafu bei, ukifika kwenye mzani unaambiwa soko la dunia limeshuka. Na sehemu kubwa ya pamba yetu ikishachambuliwa inaondoka hivyo hivyo marobota, haisokotwi hapa, haifumwi hapa. Inarudi kwako Majengo ikiwa belo. Nikifikiria hilo usingizi unakata, kwamba labda ile jinzi unayoikung'uta nilipalilia mimi.

Jinzi_Majengo (mleta uzi)

@Pamba_Bariadi mkuu umenifundisha, hilo la mvua sikulijua na nalikubali kabisa, ile hesabu ni ya wastani wa pamba yao sio ya Bariadi. Dah hilo la mwisho limenigusa.

Nili_na_Hewa

Niko UDOM nasoma kemia, naomba niwaelezee kwanini jinzi inachuja, maana watu wanadhani ni rangi feki. Rangi ya jinzi inaitwa indigo, kwa Kiswahili nili. Zamani ilitoka kwenye majani ya mmea, kwa wingi India, mpaka Mjerumani Adolf von Baeyer alipofumbua namna ya kuitengeneza maabara na kampuni ya BASF ikaanza kuiuza ya kiwandani 1897.

Tabia yake ni kwamba haiyeyuki kwenye maji. Ukiitia kwenye ndoo inazama tu kama masizi. Kwahiyo kiwandani wanaweka magadi makali na dawa inaitwa sodiamu haidrosalfaiti, ile indigo inapoteza bluu inakuwa kijani cha njano, hapo ndo inakubali kuyeyuka. Wanazamisha uzi, wanautoa, ukikutana na hewa unageuka bluu hapo hapo unaangalia. Wanarudia kuzamisha na kutoa mara kadhaa mpaka ikolee. Lakini rangi inakaa ganda la juu tu, katikati uzi unabaki mweupe. Chukua jinzi yoyote nzee fumua uzi mmoja wa bluu pale kwenye pindo, uukate kwa wembe uangalie ncha, utaona duara jeupe ndani. Ndo maana ukisugua mapaja yanapauka. Na nyuzi zinazokwenda urefu ndo zinapigwa rangi, za kukatiza ni nyeupe, ukigeuza suruali ndani unaziona.

Sasa maji yanayobaki kwenye yale matangi yana alkali kali, yana salfa, yana rangi isiyooza haraka. Yakiingia mtoni bila kusafishwa yanazuia mwanga na yanamaliza oksijeni, samaki wanakufa kwa kukosa hewa. Kusafisha inawezekana na teknolojia ipo, ila ni gharama, na mnunuzi mkubwa anataka suruali kwa bei ile ile ya mwaka jana, kwahiyo mwenye kiwanda anaangalia pa kukatia.

Chipukizi_AreaC

Vipi zile mpya zinakuja zimeshapauka tayari, zimechanika na magoti? Wanafanyaje?

Nili_na_Hewa

Kuna njia nyingi mdogo wangu. Ya zamani ni kuzungusha jinzi kwenye mashine pamoja na mawe mepesi ya volkano, kama yale ya kusugulia visigino, yanasagika yanatoa tope tupu. Baadaye vikaja vimeng'enya vinavyokula pamba taratibu. Kuna kupuliza pemanganeti ya potasiamu kwenye mapaja. Saivi viwanda vyenye uwezo vinachoma kwa leza na kutumia ozoni, maji yanapungua sana.

Ila iliyoniumiza kusoma ni ya mchanga. Walikuwa wanapuliza mchanga kwa bomba la hewa kwenye jinzi ili zionekane nzee. Uturuki vijana wengi waliofanya hiyo kazi kwenye vyumba vimefungwa walipata silikosisi, vumbi la mchanga linaganda kwenye mapafu na haliponi, wengine wamekufa wakiwa na miaka ishirini na kitu. Serikali yao ikapiga marufuku 2009. Hapa Dom tuna ndugu zetu wanagonga kokoto kutwa bila barakoa, ni vumbi la aina hiyo hiyo, wanaowajua wawaambie wavae barakoa.

Dada_wa_Mstari

Shikamooni wakubwa zangu. Mimi nimeshona jinzi Dar kwenye kiwanda cha kuuza nje miaka minne, sitakitaja, saivi nimerudi nyumbani Kondoa. Nataka muelewe kwamba Tanzania jinzi zinashonwa, tena nyingi, ila zote zinapanda meli. Kitambaa kinakuja majora kutoka nje, zipu kutoka nje, vifungo kutoka nje, sisi tunaweka mikono tu. Mimi miaka minne nimeshona mfuko wa nyuma wa kulia. Sijawahi kushona suruali nzima. Msimamizi anapita na karatasi ya saa, vipande vingapi, ukichelewa wewe mstari mzima unachelewa.

Na roho juu kila siku. Ile AGOA, sheria ya Marekani ya kuruhusu nguo zetu kuingia kwao bila ushuru, ilivyoongezwa 2015 ilipewa miaka 10, kwahiyo mwaka 2025 wote watu walikuwa wanaulizana itakuwaje, oda zikipungua mikataba inakatwa, anaanza wa mwisho kuingia. Lesotho April hiyo hiyo 2025 walitangaziwa na Marekani ushuru wa asilimia 50, baadaye ukashushwa ila oda zilikuwa zimeshakimbia. Nchi nzima inategemea cherehani halafu mtu mmoja anasoma karatasi mbele ya kamera huko mbali. Niliwaonea huruma kama ndugu zangu.

@Pamba_Bariadi kaka yangu, pamba yako haikufika kwenye meza yangu hata siku moja. Hakuna mtu katikati yetu wa kuisokota, kuipiga nili na kuifuma.

Mzalendo_Makole

Ndo maana mimi nasema mtumba upigwe marufuku. Mkiendelea kununua nguo za wafu viwanda vitafufuka lini? Kiwanda cha nguo cha Urafiki kilijengwa 1968, Mwatex Mwanza ilikuwepo, Mutex Musoma ilikuwepo, watu walivaa vya kwao. Mleta uzi unalia na belo wakati belo ndo limetuua.

Jinzi_Majengo (mleta uzi)

@Mzalendo_Makole hasira yako naielewa na sikupingi moja kwa moja. 2016 marais wa Afrika Mashariki walikubaliana mtumba uondolewe taratibu ndani ya miaka mitatu, wafanyabiashara wa Marekani wakalalamika, tukatishiwa kutolewa AGOA, sisi na Uganda na Kenya tukarudi nyuma, Rwanda ikakaza na 2018 nguo zake zikasimamishwa kuingia bure kule. Kwahiyo jaribio lilifanyika. Ila hebu tuwe wakweli, mtumba ukifungwa kesho asubuhi, kitakachojaa Majengo sio jinzi ya Bariadi, ni spesho za lastiki za elfu 15 zinazochanika msambani mwezi wa pili. Kiwanda cha kufuma kitambaa cha jinzi ni maji mengi, umeme usiokatika na mtambo wa kusafisha maji machafu, mtu akijenga bila huo mtambo wa mwisho basi yule mama wa mchicha watakuwa elfu moja. Nataka kiwanda, ila nataka kije na bomba lake safi.

Halafu mtumba wenyewe nao una uchafu wake, sikuficha. Zile 14 kwenye kiroba zinaenda wapi? Wengi wanachoma. Pamba tupu ukichoma uzi wake inaacha jivu laini kama la karatasi. Yenye polista na lastiki inayeyuka, inaacha donge gumu jeusi na moshi unaobana kifua. Hiyo ndo namna ninavyopima siku hizi, navuta uzi, nawasha kiberiti. Na zinavyozidi kuchanganywa hivyo hata kuzirudisha kuwa uzi mpya ni kazi ngumu. Mzungu ametoa kwa moyo mzuri labda, ila dampo ni letu.

Fundi_Chamwino

Bwana Majengo umesema sindano, hapo umenigusa mimi. Nina miaka 22 kwenye cherehani na nawaambia jinzi ni nguo rafiki wa fundi kuliko zote. Wale walioanza, Levi Strauss na fundi mwenzangu Jacob Davis, 1873 walipata hataza, yani haki ya peke yao, ya kupiga misumari ya shaba kwenye kona za mifuko kwa sababu mifuko ya vibarua ilikuwa inachanika. Yani chanzo cha hii nguo ni fundi aliyechoka kurudishiwa suruali.

Vijana wanaogopa jinzi kwa sababu sindano inakatika pale mishono inapopandana. Tumia namba 18, sio 14. Pale penye donge, lile la chini ya zipu au pindo la pembeni, weka juu ya chuma, gonga na nyundo mara tatu nne mpaka lilale, halafu zungusha gurudumu kwa mkono, usikanyage. Msamba ukiisha usiweke kiraka juu tu, weka kitambaa kwa ndani kikubwa kuliko tundu, shona mistari imekaribiana kwenda na kurudi kwa uzi wa bluu iliyopauka, mtu hatagundua mpaka umuonyeshe. Kufupisha, usikate pindo la asili, likunje ulirudishe, lina thamani. Hapa natoza buku mbili kwa msamba, buku na nusu kufupisha, na foleni ipo.

Hizo za kiroba niletee. Miguu ya jinzi iliyokufa magoti bado nyuma ya paja ni nzima, natoa viraka, natoa mifuko ya shule, natoa aproni za mafundi wa magari. Hata ya lastiki natoa mkanda wa kiuno.

Chipukizi_AreaC

Wakuu mimi nafua jinzi yangu kila nikivaa, kumbe nakosea?

Nili_na_Hewa

Unaimaliza mwenyewe. Chip Bergh alipokuwa bosi wa Levi's alisema hadharani 2014 kwamba jinzi aliyovaa hajaifua mwaka mzima, watu wakashangaa. Kwa vumbi letu la Julai sikushauri mwaka, ila vaa mara kadhaa, kung'uta, anika kivulini, pakiwa na doa futa pale pale. Ukifua geuza ndani nje, maji ya baridi, usiloweke usiku kucha, na usianike juani. Utaokoa rangi na utaokoa dumu.

Jinzi_Majengo (mleta uzi)

@Fundi_Chamwino mzee wangu nitakuletea kiroba Jumamosi nikienda mnadani Msalato, tugawane nusu kwa nusu kitakachotoka. Na wewe @Dada_wa_Mstari, miaka minne mfuko mmoja, nina hakika hakuna mtu Kondoa nzima anayeshona mfuko kama wako. Fundi ana foleni, mimi nina suruali zimechanika mifuko. Angalia inbox.

Dada_wa_Mstari

Nimeiona kaka. Asante. Nitakuja Jumatatu na basi la asubuhi.

Pamba_Bariadi

Mleta uzi hujatuambia, yule mama wa mchicha vipi sasa hivi?

Jinzi_Majengo (mleta uzi)

Mkuu, tulikwangua ule udongo wa juu mimi na kijana wangu, tukaujaza viroba tukautoa, nikaleta samadi ya ng'ombe tukachanganya, tukaacha mvua mbili zinyeshe juu yake. Tuta la pili mchicha umeota, wiki iliyopita kanipa mafungu mawili hakutaka hela. Tuta la kwanza, lile lililo karibu na mtaro, tumepanda mara tatu na bado halijatoa kitu.